Mashahidi Watatu wa Chinghaosu

Nilipiga chapa miaka tisa katika ofisi ya kamusi iliyokuwa ghorofa ya kwanza, juu ya karakana ya baiskeli. Ilikuwa na vyumba viwili. Cha ndani alikaa mhariri mkuu, mwanamke mrefu mwenye miwani mbili, moja ya kusomea na nyingine ya kuangalia watu. Tulimwita Mama Nukta kwa sababu aliweza kuona nukta iliyokosekana ukurasani akiwa bado mlangoni. Cha nje tulikaa wawili: mimi na mashine yangu, na Bwana Kadi.

Huyu Bwana Kadi ndiye ninayetaka kumsimulia. Alikuwa mtu mfupi, mwenye sauti ya kuomba radhi, na mfuko wa shati lake ulikuwa umelegea kama mdomo wa ng'ombe mzee kwa sababu ya kadi alizokuwa anazibeba humo. Kazi yake ilikuwa kusikiliza watu. Akisikia neno asilolizoea, anachomoa kadi, anaandika neno lenyewe, nani kalisema, wapi, na sentensi nzima jinsi ilivyotoka. Alifanya hivyo kwenye foleni ya maji, kwenye mazishi, na hata nyumbani. Mkewe, ambaye ni fundi cherehani, aliwahi kunisimulia kwamba siku moja alikuwa anamgombeza mumewe kwa ghadhabu kubwa, na katikati ya ugomvi mume akamwomba arudie polepole. Alisema hasira zilimwisha palepale, maana huwezi kumgombeza mtu anayekuandika.

Miaka ishirini na miwili alifanya kazi hiyo, na hakuna hata neno lake moja lililokuwa limeingia kwenye kamusi. Si kwamba alikuwa mvivu. Maneno aliyoleta ama yalikuwemo tangu zamani, ama yaligonga mwamba kwenye sheria ya Mama Nukta. Sheria ilikuwa hii: neno haliingii mpaka lipate mashahidi watatu, watu wasio ndugu, wasiofanya kazi pamoja, waliolitumia wenyewe bila kuulizwa wala kufundishwa. Mwaka mmoja alikaribia sana. Alikuwa na neno la ile sauti ya kiatu kinaponasuka kwenye tope, mashahidi wawili mkononi, na wa tatu akahama mtaa.

Basi tulikuwa kwenye herufi CH, tunairekebisha kwa toleo jipya, na Mama Nukta alikwisha tangaza kwamba CH itafungwa Ijumaa ya wiki ya tatu. Ikifungwa imefungwa. Kwa mwendo wetu, toleo litakalofuata lingetukuta tumeshakuwa marehemu.

Katikati ya hekaheka hizo Bwana Kadi akaugua. Jumatatu hakuja. Alikwenda zahanati akapimwa, akakutwa na malaria, akapewa dawa mseto, vile vidonge vya njano, akarudi kulala kwenye kochi la chumba cha kushonea ili mkewe amwangalie huku akiendelea na kazi. Sasa, Bwana Kadi alikuwa mtu wa kusoma kila kitu. Hata kiberiti alikuwa anakisoma kabla ya kukiwasha. Kwa hiyo, pamoja na homa yake, alilikunjua lile karatasi jembamba la maelezo linalokaa ndani ya boksi la dawa likiwa limekunjwa mara nane, akaanza kulisoma kutoka juu. Karibu na mwisho, kwa maandishi ya ukubwa wa mayai ya chawa, aliona imeandikwa kwamba asili ya dawa hiyo ni kiini cha mmea wa pakanga, ambacho Wachina hukiita qinghaosu.

Akaketi wima. Akalisema lile neno kwa sauti. Akalisema tena kwa namna nyingine. Mara ya tatu alilisema akitabasamu, jasho linamtiririka.

Mkewe aliondoa mguu kwenye pedali. Yeye alichokiona ni mume anayetetemeka, anacheka peke yake na kusema lugha ambayo hawakuoana nayo. Akamshika paji la uso, akakuta panachemka, akampigia simu kaka yake, ambaye ni mfamasia na ana duka la dawa mtaa wa pili. Alimwambia aje upesi kwa sababu homa imepanda kichwani.

Kaka mtu alifika na kipimajoto mkononi. Kabla hajakitoa kwenye kasha, mgonjwa alimnyooshea lile karatasi.

“Shemeji, hebu hapa panasomwaje?”

Shemeji yake alipasoma. Ilikuwa bahati, maana aliwahi kuhudhuria mafunzo na mmoja wa walimu alikuwa Mchina. Alisema panasomwa ching-hao-su. Ching ni rangi ya kijani, hao ni hiyo pakanga na jamaa zake, na su ni kiini, ile nguvu yenyewe iliyomo ndani. Kisha, kwa kuwa ni mfamasia, akaongeza mambo ya kifamasia: kwamba mtu asichemshe majani nyumbani akadhani amejitibu, kwa sababu dawa ni kile kiini kilichotolewa, kikapimwa na kuunganishwa na dawa mwenzake, kwamba ameze vidonge akiwa ameshiba, na kwamba amalize dozi hata akijisikia mzima. Bwana Kadi alikubali yote kwa kichwa. Mkewe aliniambia kwamba kwenye kadi aliandika mpaka “su”, akaacha hapo.

“Kwa hiyo hajarukwa na akili?” mke akamuuliza kaka yake mlangoni.

“Ana malaria, dada. Hilo lingine ulimkuta nalo.”

Ijumaa Bwana Kadi alirudi kazini, mashavu yamebonyea, macho yanang'aa kama bwana harusi. Alikwenda moja kwa moja chumba cha ndani. Mlango ulikuwa wazi, kwa hiyo nilisikia.

Mama Nukta alilitazama lile neno muda mrefu. Alisema kwanza kwamba herufi kyu haina droo kwenye ofisi ile. Bwana Kadi akajibu kwamba ameshalitafutia makazi: likiandikwa jinsi linavyotamkwa, linaanza na CH, na CH bado iko wazi kwa wiki mbili. Hapo nilimwona Mama Nukta akibadilisha miwani.

“Nani kalisema?” akauliza.

Bwana Kadi akamtaja shemeji yake. Mama Nukta akasema shemeji ameulizwa, na anayejibu swali hajatumia neno, amejibu swali tu. Bwana Kadi akalitaja lile karatasi. Mama Nukta akasema karatasi halina mdomo.

“Na mimi nimelisema,” akasema Bwana Kadi. “Mara nyingi.”

“Wewe si mtu,” Mama Nukta akamwambia, bila ubaya wowote. “Wewe ni mwajiriwa.”

Bwana Kadi alitoka akaketi mezani kwake mpaka saa sita. Halafu akaniegemea, akaninong'oneza kama mtu anayeungama wizi wa sukari. Alisema katika maisha yake yote hajawahi kulipanda neno, siku zote ameyangoja yaote yenyewe. Lakini safari hii ameamua. Atalipeleka kwa kinyozi.

Nilimwambia asifanye hivyo. Kinyozi wa mtaa wao alikuwa mtu mwema, lakini habari ikiingia kwake ni jogoo, ikitoka ni ndege ya abiria.

Jumamosi akaketi kwenye kiti cha kinyozi, akafungwa shuka shingoni, akasema kama mtu asiye na nia yoyote kwamba aliumwa sana ila amepona, ashukuriwe Mungu na chinghaosu. Kinyozi akauliza ndiyo nini hiyo. Bwana Kadi akaanza kueleza, na kinyozi akawasha mashine. Kwa hiyo maelezo yalimfikia kwa vipande, kila mashine inapoinuka kichwani: ni ya kijani, ni chungu, lakini inaponya. Katikati palibaki mashimo, na yule hakuwa mtu wa kuacha mashimo. Aliyaziba mwenyewe.

Jumanne Bwana Kadi alikwenda tena kwa kinyozi. Hakuwa na cha kunyolewa. Alisema anataka kupunguza ndevu, na ndevu hakuwa nazo, lakini aliruhusiwa kukaa kwenye benchi. Hapo ndipo alipomsikia dereva mmoja wa lori, mtu asiyemjua kabisa, akilalamika kuhusu mama mkwe wake aliyehamia kwake tangu mwezi uliopita. Alisema mama yule hamwachii nafasi ya kupumua, anamhesabia hata vijiko vya sukari. Halafu akasema:

“Lakini tuseme ukweli, mama mkwe wangu ni chinghaosu. Mchungu, ila tangu aje nyumba yangu imepona.”

Bwana Kadi aliiandika kadi ile palepale kwenye benchi. Shahidi wa kwanza.

Wa pili alimfuata nyumbani. Nahodha wa timu ya netiboli ya akina mama wa posta alifika kwa mke wa Bwana Kadi kuagiza sketi kumi za mashindano, na akasema wanazitaka za rangi ya chinghaosu. Mke wa Bwana Kadi alilijua neno lile kama maneno ya homa, lakini fundi hakiri kwamba kuna rangi asiyoijua. Ni kama mwalimu kukiri hajui kusoma. Akatikisa kichwa, akaandika vipimo, na nahodha alipokuwa anaondoka akamuuliza kwa mbali kama wanaitaka iliyokoza au ya kawaida. Nahodha akasema ile ya majani. Neno lenyewe mume wa nahodha alikuwa amelisikia kwa kinyozi. Basi ikanunuliwa kijani, zikashonwa sketi kumi, zikapigwa pasi.

Siku ya kujaribisha walikuja wote kumi na chumba kikajaa mpaka mlangoni. Mlinda goli alipoiona sketi akasema hiyo si chinghaosu. Yeye aliugua mwezi uliopita, vidonge amevimeza mwenyewe, na vidonge ni vya njano. Nahodha akasema ni ya kijani, neno lenyewe ndivyo linavyosema. Mchezaji wa akiba akasema wote wawili wamekosea, chinghaosu ni ile rangi ya uso wa mtu anapomeza. Wakagawanyika makundi matatu, kila kundi na kipande chake cha kitambaa, na mke wa Bwana Kadi katikati, pini mdomoni, akajua kuna mtu mmoja tu nyumba ile aliyelileta jambo hili. Akazitema pini, akamwita mumewe aliyekuwa chumba cha pili.

Bwana Kadi alitokea akiwa tayari na kadi.

“Mume wangu, waambie hawa. Chinghaosu ni rangi gani?”

Ninavyomjua, najua aliteseka. Alilijua jibu. Lakini mkusanya maneno akilifundisha neno anauua ushahidi wake, na hapa walikuwa watu kumi wanaligombania bila kulipwa.

“Endeleeni tu,” akasema. “Mimi sipo.”

Akaketi juu ya ndoo, akaandika kadi kumi na nne. Mwishowe wale akina mama walipatana wenyewe: sketi zibaki za kijani, ila pindo liwe la njano. Maana yake mapindo kumi yafumuliwe na kushonwa upya, na kazi hiyo haikuwaangukia wao. Mke wa Bwana Kadi hakusema na mumewe siku mbili. Akitaka chumvi alimwomba jirani.

Mama Nukta alipokea kadi zile kumi na nne, akazipanga, akasema timu ni watu wanaofanya kazi pamoja, kwa hiyo wote kumi ni shahidi mmoja. Ukijumlisha na dereva, wawili. Hiyo ilikuwa Alhamisi mchana, na CH ilikuwa inafungwa kesho yake.

Sijui Bwana Kadi alilalaje. Ninachojua ni kwamba Ijumaa asubuhi aliingia chumba cha ndani bila kuitwa, akasimama mbele ya meza, akaungama. Alisema neno lile hakuliokota, alilipanda kwa kinyozi kwa makusudi, na kwamba dereva na akina mama wa posta hakuwafundisha yeye, lakini mbegu ni yake. Alisema hawezi kuliacha liingie kwa mlango wa nyuma. Kama ni kulifuta, lifutwe.

Mama Nukta alisimama. Nilikuwa sijawahi kumwona akisimama kwa ajili ya mwajiriwa.

“Miaka ishirini na miwili nakuvumilia, Bwana Kadi,” akasema. “Kiatu kwenye tope nilivumilia. Leo siku ya kufunga herufi, kurasa sabini zinanisubiri, wewe unaniletea vinghaosu vyako hapa ofisini!”

Bwana Kadi, polepole sana, kama mtu anayemtoa kuku kwenye mbegu, alipeleka mkono mfukoni akachomoa kadi.

Mama Nukta aliitazama ile kadi. Akaketi. Akavua miwani, akavaa ile nyingine, akaivua nayo.

“Mpiga chapa,” akaniita. “Umesikia?”

Nikasema nimesikia. Nilikuwa na watoto wa kulea, lakini nilikuwa nimesikia.

“Limenitoka lenyewe,” akasema. “Sikuulizwa, sikufundishwa. Andika, shahidi wa tatu.” Bwana Kadi akamkumbusha kwa upole ile habari ya mwajiriwa kutokuwa mtu. Mama Nukta akanyoosha mgongo. “Mimi sikuajiriwa,” akasema. “Niliteuliwa.”

Na ile mbegu ya kinyozi? Akasema hilo amelitafakari: maneno yote yamepandwa na mtu fulani siku fulani, ila wapandaji wengine hawana adabu ya kuja kuungama.

Ingekuwa hadithi fupi kama ingeishia hapo. Lakini tulipoketi kuliandika neno lenyewe, tukagundua jambo. Tulikuwa na ushahidi wa chinghaosu kuwa mtu mchungu mwenye faida. Tulikuwa na ushahidi wa kuwa rangi. Tulikuwa na ushahidi, tena kutoka ngazi ya juu kabisa, wa kuwa mambo ya kuudhi yanayoletwa ofisini, na wingi wake vinghaosu, kwa mfano wa chakula na vyakula, jambo lililomwumiza Mama Nukta kwa sababu yeye mwenyewe angelipanga pamoja na kwinini, lisibadilike umbo. Kitu ambacho hatukuwa nacho ni mtu hata mmoja aliyelitumia kwa maana ya dawa ya malaria. Dereva alimsema mkwewe. Mlinda goli alisema vidonge, lakini alikuwa anagombania sketi. Kwa sheria ya ofisi, neno likishapata mashahidi wake watatu, kila maana nayo yahitaji angalau mmoja, kwa hiyo kamusi ingetoka na neno chinghaosu lisilohusiana na malaria kwa namna yoyote.

Nilipendekeza tulegeze kidogo. Mama Nukta alinitazama kwa miwani zote mbili. Halafu akachukua mkoba wake, akashuka ngazi, na sisi tukamfuata.

Saa nane mchana tulikuwa tumeketi watatu kwenye benchi la duka la dawa la shemeji yake Bwana Kadi, kama wagonjwa wa ugonjwa mmoja. Mfamasia alikatazwa kusema lolote zaidi ya bei. Saa tisa waliingia watu wa kikohozi. Saa kumi aliingia mtu wa vidonda vya tumbo, na mwanamke mmoja aliyetaka plasta. Bwana Kadi alikuwa anawaangalia watu midomoni kwa matumaini kiasi kwamba yule wa plasta aliuliza kama ana kitu usoni. Mama Nukta hakutikisika. Alikuwa anasahihisha kwa penseli bango la dawa ya mafua lililokuwa ukutani.

Saa kumi na moja kasoro robo, mfamasia akiwa ameshaanza kuingiza ubao wa nje, aliingia mzee mmoja mwenye koti, cheti cha zahanati mkononi. Alikisoma kwa kukisogeza mbali na macho. Halafu akakata tamaa na mwandiko wa daktari, akasema:

“Kijana, mke wangu amekutwa na malaria. Nipe ile… nipe chinghaosu.”

Mfamasia alibana midomo mpaka ikaisha. Aliomba cheti, akakisoma, akampa dawa iliyoandikwa, akamweleza imezwe namna gani. Bwana Kadi alikuwa ameshaandika, ila machozi yalikuwa yanadondoka kwenye kadi na wino unatawanyika, ikabidi niandike nakala. Mama Nukta alikwenda kwa yule mzee, akamshika mkono, akamuuliza neno hilo kalitoa wapi. Mzee akasema kwa dereva mmoja wa lori, jirani yake, ambaye kila siku humwita mama mkwe wake hivyo. Katika mazungumzo hayo mzee alielewa mwenyewe kwamba ni dawa ya malaria, basi akaliweka akilini. Kisha akamwuliza Mama Nukta kama yeye ndiye daktari, maana ana jambo la goti.

Tulirudi ofisini tukaifunga CH. Mama Nukta aliandika mwenyewe, maana nne, ya dawa ikiwa ya kwanza. Ile ya nne, ya vinghaosu vinavyoletwa ofisini, aliifupisha sana.

Kamusi ilitoka mwaka uliofuata. Bwana Kadi alipewa nakala moja kama sisi wengine, akaenda nayo nyumbani ameifunga kwenye gazeti. Mkewe alikuwa anashona. Alimfungulia ukurasa, akamwekea kidole, na mke akasoma mpaka kwenye maana ya pili, penye mfano: Fundi alishona sketi za chinghaosu. Alisoma mara mbili.

“Ungeandika alishona, akafumua, akashona tena,” akasema.

Bwana Kadi akakubali kwamba ni kweli. Mke akasogeza vitambaa, akamwachia nafasi kwenye kochi, akamwambia amsomee na hayo mengine ya ukurasa ule wakati anamalizia shati la watu.